Wilson Alifunga Kesi Mapema

Mwaka 1945 mhakiki Edmund Wilson aliandika katika The New Yorker kwamba kusoma hadithi za upelelezi ni uraibu wa kipuuzi, madhara yake yakiwa kati ya mafumbo ya magazetini na sigara. Kusema kweli, kwa vitabu vingi hakukosea.

Lakini mwaka 1951 Josephine Tey alichapisha The Daughter of Time. Inspekta Grant, mguu umevunjika, amelazwa hospitalini akichunguza wana wawili wa mfalme waliotoweka katika Mnara wa London mwaka 1483. Hakuna bastola wala kukimbizana. Kuna tarehe tu. Thomas More, ambaye simulizi lake ndilo lililomtwika Mfalme Richard III mauaji ya wana hao, alikuwa na umri wa miaka mitano hivi wakati huo. Shahidi gani huyo?

Msomaji anayejifunza kuuliza hivyo hapotezi muda. Kesi yenyewe bado haijafungwa: mifupa ya watoto iliyofukuliwa Mnarani mwaka 1674, inayodhaniwa kuwa ya wana hao, imehifadhiwa Westminster Abbey, na hadi leo watu wanadai ipimwe vinasaba.

Tey naye alipitiliza: kumbebesha lawama Henry VII, mfalme aliyemfuata Richard, kunahitaji ushahidi zaidi kuliko aliotoa, na kumsafisha Richard kwa kutazama uso wake pichani ni kichekesho.