Bwana mweupe, bibi wa madoa

Mwezi huu mawifi na michango ya harusi tunawapumzisha, maana nimeletewa kesi ya kereng'ende.

Wenye kesi ni mume na mke, vijana wa kwetu wanaoishi Ohio, Marekani. Bwana anafanya kazi usiku, bibi mchana, wiki nzima wanapishana mlangoni kama walinzi wa zamu. Muda wao pekee ni Jumamosi asubuhi, kando ya bwawa lililo jirani na nyumba yao. Hapo ndipo walipopiga picha mbili. Ya kwanza ni ya kereng'ende mwenye tumbo jeupe kama lililopakwa chokaa, na mkanda mpana mweusi katikati ya kila bawa. Wa pili ni wa kahawia, kila bawa lina madoa matatu. Mume anasema hizo ni aina mbili, "hata mtoto anaona". Mke anasema ni dume na jike. Jumamosi mbili zimeishia kwenye kununiana. Jamani! Muda wenyewe wa kuibia, halafu mnaununia?

Haya, hukumu. Dada ameshinda. Wote wawili ni Plathemis lydia, ambaye Wamarekani humwita kwa jina lenye maana ya mkia mweupe. Ni mdudu wa kawaida kabisa kwenye mabwawa ya Marekani na kusini mwa Kanada, urefu wake sentimita 4 na ushee, na wanasayansi walishamwandika tangu mwaka 1773.

Lakini shemeji naye nisimwonee. Ule weupe wa dume si ngozi, ni unga kama nta unaomtoka mwilini anapokomaa. Akiwa bado kijana, tumbo lake ni la kahawia kama la jike, ila mabawa tayari yana ule mkanda wa kiume. Kwa hiyo ukitaka kujua nani ni nani, tazama mabawa kwanza, tumbo baadaye.

Mtihani hasa uko kwa jike. Mabwawa hayohayo yana kereng'ende mwingine, Libellula pulchella, naye ana madoa matatu kila bawa, jumla 12. Majike wa aina hizi mbili wamewababaisha wengi. Usihangaike kuhesabu madoa, angalia ubavu wa tumbo. Pulchella ana mstari wa njano ulionyooka mpaka karibu na ncha. Lydia ana vipande vyeupe vilivyokaa mshazari, kimoja kimoja, kama meno ya msumeno. Dume wa pulchella hana taabu, kwani katikati ya madoa meusi ana mengine meupe.

Na mkimwona mwenye weusi ulioanzia kwenye shina la bawa ukafika karibu nusu, kama aliyejitanda nguo ya msiba, huyo ni wa tatu, Libellula luctuosa. Wamarekani wanamwita mjane, dume na jike wote. (Sisi angalau dume tungemwita mgane.)

Njia niipendayo mimi ni kuwaacha wajieleze wenyewe. Kaeni kimya, jua likiwaka. Dume wa lydia hulinda kipande chake cha ukingo wa bwawa, na mwenzake akikatiza, anainua lile tumbo jeupe juu kama mtu anayekunja mikono ya shati. Jike akija, shughuli yenyewe ni ya sekunde chache tu, tena hewani (nawasikia mnavyocheka). Kisha jike anaelea akichovya ncha ya tumbo majini, anataga, na dume anazunguka juu yake kufukuza wengine. Msidhani ni mahaba. Dume mwingine akimpata kabla hajamaliza, mayai yanayofuata huenda yakawa ya huyo. Ila kwa wenye kamera hiyo ndiyo picha ya kuvizia: mweupe juu, wa madoa chini, na ubishi umekwisha.

Wahini tu. Kereng'ende hawa huruka kuanzia majira ya kuchipua mpaka vuli. Baridi ikiingia, wakubwa wote wamekwisha, wamebaki watoto wao chini ya maji.

Tukutane mwezi ujao.