Je, Msitu Una Akili?

Fikra ya msitu wenye nafsi, unaosikia na kukumbuka, ni ya kale sana miongoni mwa wanadamu. Katika filamu ya Avatar, iliyotolewa mwaka 2009, James Cameron alibuni ulimwengu ambao miti yake imeunganishwa kwa mizizi mfano wa mishipa ya fahamu. Mwanafunzi wa Kumsenga, wilayani Kibondo, aweza kuidhani fikra hiyo kuwa ndoto ya wasanii wa ng'ambo. Lakini nchi ya namna hiyo haikuwa ngeni kwa babu zake.

Mwanahistoria Michele Wagner, katika kitabu kilichohaririwa na Gregory Maddox, James Giblin na Isaria Kimambo mwaka 1996, ameeleza jinsi Waha walivyoihesabu nchi yao kuwa na wenyeji wasioonekana, walioitwa ibisigo. Wapatanishi kati yao na watu walikuwa wateko. Kwa hiyo ardhi na pori vilikuwa na wenyewe, na mtu aliyevitumia alipaswa kuwa na adabu.

Mwalimu wa sayansi aulizwapo na wanafunzi wake juu ya imani hiyo, huwa na majibu mawili mepesi. La kwanza ni kusema kwamba huo ni ushirikina, na somo likaishia hapo. La pili, ambalo limeenea siku hizi, ni kusema kwamba sayansi imekwisha thibitisha kuwa miti huzungumza. Majibu yote mawili yana kasoro, na yafaa kuyapima kwa mambo yanayoonekana katika misitu ya miyombo ya Kibondo na Kasulu.

Mwishoni mwa kiangazi, ardhi ingali kavu, mti wa mtundu huchipua majani mapya yenye rangi nyekundu, ambayo baadaye hugeuka kijani. Majani hayo hutangulia mvua kwa majuma kadhaa. Anayeyatazama aweza kuapa kwamba mti umepata habari ya mvua. Kumbe mti hutumia maji yaliyohifadhiwa shinani na katika tabaka za chini za udongo, ambako mizizi yake hufika. Vizazi vingi vya miti vilivyowahi kuchipua mapema vilinufaika na mvua za mwanzo, na tabia hiyo ikarithiwa.

Chini ya ardhi mna ajabu nyingine. Mwaka 1982 Peter Högberg, mtaalamu wa Uswidi, alichapisha uchunguzi wake wa mizizi ya miti ya misitu ya Tanzania. Mitundu na jamaa zake hushirikiana na kuvu zinazofunika ncha za mizizi. Kuvu huupatia mti fosforasi na naitrojeni kutoka udongoni, na mti huzilipa kwa sukari. Aina nyingi za uyoga unaochumwa porini wakati wa mvua ni matunda ya kuvu hizo.

Mwaka 1997 Suzanne Simard na wenzake walionyesha, katika misitu ya Kanada, kwamba kaboni yaweza kupita kutoka mti mmoja hadi mwingine. Hapo ndipo simulizi zilipoanza kukua, hata ikasemwa kwamba miti mama hulea watoto wake. Lakini mwaka 2023 Justine Karst, Melanie Jones na Jason Hoeksema walipima upya ushahidi wote, wakaona kwamba madai hayo yamepita mbali kuliko yanayojulikana. Jones mwenyewe alikuwa miongoni mwa waandishi wa utafiti wa 1997. Huo ni mfano mzuri wa uaminifu wa kisayansi, nao wastahili kusomwa madarasani.

Mfano ulio wazi kuliko yote unatoka nchi jirani ya Kenya. Huko Laikipia kuna mgunga ambao miiba yake huvimba ikawa nyumba za sisimizi. Mti huwalisha sisimizi utomvu mtamu, nao huwafukuza wanyama walao majani. Mwaka 2008 Todd Palmer na wenzake walieleza yaliyotokea baada ya wanyama wakubwa kuzuiwa kwa ua kwa miaka 10. Migunga ilipunguza malipo, kana kwamba imetambua kwamba adui ametoweka. Sisimizi walinzi wakapungua, wadudu waharibifu wakaongezeka, na miti ikadumaa na kufa kwa wingi zaidi. Mti uliitikia hali iliyokuwapo, lakini haukuwa na uwezo wa kuona mbele.

Basi msitu ni hai, huitikia na husaidiana, lakini hauna fikra. Hauwezi kujua kwamba shoka la leo litafuatwa na jembe kesho. Hili ndilo jambo zito kwa Kigoma. Katika miaka ya 1930 serikali ya kikoloni iliwakusanya watu wa Kibondo katika makazi ya pamoja kwa ajili ya kupambana na malale. Kuanzia mwaka 1972 ulifuata uhamishaji wa vijiji, na tangu 1993 wakimbizi wengi waliingia, nao walihitaji kuni kama watu wengine wote. Mashamba mapya, mkaa na moto wa kiangazi vimeongeza mzigo. Katika mihamo hiyo watu walitengwa na mahali walipopaheshimu. Shule ikiondoa heshima iliyosalia kwa neno moja, ushirikina, bila kuweka maarifa mahali pake, msitu utakuwa umekosa ulinzi wa kale na wa kisasa pia.

Maarifa hayo yapo, nayo si ya gharama. Miyombo huchipua upya kutoka visiki na mizizi, mradi visiki vising'olewe na moto mkali wa mwisho wa kiangazi uzuiwe. Miti inayozilisha kuvu ikifyekwa yote, uyoga wake nao hutoweka. Shule za Kibondo na Kasulu zingeweza kuweka daftari la kila mwaka: tarehe ya jani la kwanza la mtundu, tarehe ya mvua ya kwanza, na aina za uyoga zilizoonekana. Wazee wa vijiji waalikwe kueleza mahali palipokatazwa kukatwa, na wanafunzi wapapime na kulinganisha na mahali palipofyekwa. Wizara na wakuza mitaala hawana budi kulitambua zoezi kama hilo kuwa sehemu halali ya somo la bayolojia, likapewa muda na alama zake.