Kangomba ya wasanii: maisha ya Mzee Majuto yanatufundisha nini

Tarehe 8 Agosti ni Nane Nane, sikukuu ya wakulima. Kwetu Mtwara huwa ni wakati ambao mikorosho imetoa maua na watu wako shambani wakipuliza salfa. Siku kama hiyo, mwaka 2018, nchi ilipata habari kwamba Amri Athumani amefariki dunia katika Hospitali ya Taifa ya Muhimbili, Dar es Salaam, akiwa na miaka 70. Wengi hawakulijua jina hilo mpaka waliposikia la pili: Mzee Majuto, au King Majuto.

Kuanzia Mikindani mpaka Msimbati, na kwenye vijiji vya kando ya Ruvuma kama Kilambo na Kitaya, ni vigumu kumpata mtu mzima asiyewahi kumcheka. Wengine walimwona kwenye televisheni ya jirani, wengine kibanda umiza kwa kiingilio kidogo, wengine kwenye memori kadi waliyojaziwa na fundi simu. Alikuwa mwigizaji anayejulikana kuliko mawaziri wengi. Hata hivyo, alipougua, nchi nzima ilianza kuuliza swali moja: mtu aliyechekesha Watanzania kwa miaka karibu 60, fedha zake ziko wapi?

Katika makala hii tunalifuatilia swali hilo, kwa sababu jibu lake linawagusa pia vijana wetu wanaoigiza, wanaoimba na wanaocheza ngoma mbele ya simu za watu.

Kutoka jukwaani hadi kwenye kioo

Majuto alizaliwa Tanga mwaka 1948. Alianza kuigiza akiwa bado mtoto, mwishoni mwa miaka ya 1950, wakati Tanganyika haijapata uhuru. Jukwaa ndilo lililokuwa shule yake. Msanii wa vichekesho enzi hizo hakuwa na kamera ya kumsaidia. Alisimama mbele ya watu, akasema, akajikunja, akanuna, na kama hawakucheka alijua palepale kwamba amekwama.

Vichekesho vya namna hiyo vilikuwa sehemu ya burudani ya usiku mzima. Katika miaka ya 1980 na 1990 vikundi vikubwa kama Muungano na Tanzania One Theatre vilizoea kuchanganya ngoma, sarakasi, taarabu na maigizo mafupi katika onyesho moja. Mapato yalikuwa yanaonekana kwa macho: watu wameingia mlangoni, wamelipa, fedha imehesabiwa, kila mtu anaondoka na chake, kiwe kidogo au kikubwa. Asiyepanda jukwaani usiku ule hakulipwa.

Mambo yalibadilika televisheni zilipoanza kurusha matangazo Tanzania Bara katika miaka ya 1990, na zaidi filamu za video zilipoenea baada ya mwaka 2000. Majuto, ambaye wakati huo alikuwa amevuka miaka 50, alihamia kwenye kioo bila kupoteza ucheshi wake wa jukwaani. Alicheza filamu nyingi, akatumika pia katika matangazo ya biashara. Sasa aliweza kuonekana Tanga, Mtwara na Mwanza usiku mmoja, bila yeye kutoka nyumbani.

Tatizo lilianzia hapo. Kwenye jukwaa msanii yupo pale ambapo fedha inalipwa. Kwenye filamu, fedha inalipwa mahali ambapo yeye hayupo, na inaendelea kulipwa hata akiwa amelala, ameugua, au amezikwa.

Kuuza mara moja

Mkulima wa korosho hahitaji maelezo marefu kulielewa hili, kwa sababu tuna neno lake: kangomba. Mtu anakuja kwako kabla ya msimu, mfukoni huna kitu, mtoto anadaiwa michango ya shule. Anakupa fedha kidogo leo, nawe unamwahidi korosho zako kwa bei ya kutupa. Mnada ukifika, bei inapanda na yeye ndiye anayeipata. Stakabadhi ghalani, iliyoanza kwetu katika msimu wa 2007/08, ililetwa ili mkulima auze kwa mnada kupitia chama chake cha msingi. Pamoja na malalamiko yote tunayoyasikia kuhusu makato na ucheleweshaji wa malipo, angalau bei inatangazwa mbele ya watu.

Filamu za Kitanzania ziliendeshwa kwa muda mrefu kwa mtindo unaofanana na kangomba. Mwigizaji alilipwa na mtayarishaji fedha ya kazi ile, mara moja. Mtayarishaji naye mara nyingi alimuuzia msambazaji haki zote kwa bei ya jumla, nayo mara moja. Baada ya hapo, nakala zikiuzwa elfu moja au laki moja, aliyeigiza hakuongezewa hata senti.

Tuwe wa haki kwa upande wa pili pia. Msambazaji alikuwa anatoa fedha kabla hajajua kama filamu itauzika, na nakala za wizi zilikuwa zinamsubiri sokoni siku ya kwanza. Mtayarishaji alikuwa na madeni ya kamera, nguo na chakula cha waigizaji. Kila mmoja alikuwa na sababu ya kutaka fedha ya haraka. Lakini ndivyo ilivyo hata kwenye kangomba: mnunuzi naye ana hatari yake, ila anayebaki mikono mitupu ni mwenye shamba.

Kuna tofauti moja kubwa, nayo inafanya mkataba mbovu wa msanii uwe mbaya kuliko kangomba. Ukiuza korosho za mwaka huu kwa hasara, mkorosho bado ni wako na mwakani utazaa tena. Ukiuza sura na sauti yako katika filamu moja kwa moja, kwa matumizi yote, umeuza na mti.

Ugonjwa ulipolifungua jambo

Mwaka 2018 Majuto aliugua na akapelekwa India kwa matibabu, kisha akarudi nchini. Ni katika miezi hiyo jambo lililokuwa likisemwa chini chini lilipofika serikalini. Waziri aliyehusika na sanaa wakati huo, Dk. Harrison Mwakyembe, aliunda kamati ya kupitia mikataba ya Mzee Majuto na ya wasanii wengine, ili kuona kama walipunjwa.

Hatua hiyo ilikuwa nzuri, lakini ilikuja mgonjwa akiwa kitandani. Na kisheria kuna ugumu: mkataba uliosainiwa kwa hiari hauvunjwi kwa sababu tu umeonekana baadaye kuwa na bei ndogo. Huruma ya taifa zima haiwezi kuandika upya karatasi ya zamani.

Hakuwa wa kwanza. Steven Kanumba, aliyeanza na kundi la maigizo la Kaole kabla ya kuwa nyota wa filamu, alifariki Aprili 2012 akiwa na miaka 28. Maelfu walijaa Dar es Salaam kumzika. Filamu zake ziliendelea kutazamwa kila kona ya nchi, na bado zinatazamwa. Umaarufu wake haukuisha na kifo. Kilichobaki ni kujua nani anaulipwa.

Sheria inasema nini

Tanzania Bara ina Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya mwaka 1999, inayosimamiwa na COSOTA. Maneno mawili ya jina hilo yanafaa kutofautishwa. Hakimiliki ni ya aliyebuni kazi: mwandishi, mtunzi. Hakishiriki ni ya wale wanaoifikisha kazi kwa watu, na humo ndimo anamoingia mwigizaji.

Kwa hiyo mwigizaji ana haki ya kukataa kurekodiwa. Lakini akishakubali kurekodiwa kwa ajili ya filamu, nguvu yake inabaki kwenye kile kilichoandikwa katika mkataba wake. Duniani kote waigizaji wa filamu wamekuwa na ulinzi mdogo kuliko waimbaji kwa sababu hiyo. Ndiyo maana mwaka 2012 nchi nyingi zilikutana Beijing na kupitisha mkataba wa kimataifa wa haki za waigizaji wa sauti na picha, ulioanza kutumika mwaka 2020.

Ufaransa, nchi yenye sifa ya kuwaenzi waigizaji wake wa jukwaani na wa filamu, ilitunga sheria mwaka 1985. Mwigizaji akisaini, mtayarishaji anaruhusiwa kuitumia kazi, lakini mkataba lazima utaje malipo tofauti kwa kila aina ya matumizi: sinema ni malipo yake, televisheni ni malipo yake. Zaidi ya hapo, msanii wa huko aliyefanya kazi saa 507 ndani ya miezi 12 anaweza kulipwa fidia katika vipindi ambavyo hana kazi. Sio kwamba Wafaransa wanapenda sanaa kuliko sisi. Walikubali kwamba kazi ya msanii ina msimu na kiangazi, wakaweka utaratibu.

Hapa kwetu nako kuna hatua. Sheria ya Fedha ya mwaka 2023 ilianzisha tozo ya hakimiliki ya asilimia 1.5 kwenye baadhi ya vifaa vya kurekodi na kunakili, ili wenye kazi wapate chochote kutokana na unakili usiozuilika. Mwaka huohuo Bunge lilipitisha Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote. Kwa maoni yetu, hii ya pili inaweza kumfaa msanii mzee kuliko kamati kumi. Mtu mwenye bima haombewi mchango wa matibabu redioni.

Sisi nasi tumo

Ni rahisi kuwalaumu wasambazaji. Lakini kila tulipojaziwa filamu kwenye memori kadi, tulimlipa fundi simu na tukamruka aliyeigiza. Redio nazo zinatakiwa kulipia kazi za wasanii zinazozirusha, na hatujiondoi katika hesabu hiyo.

Kwa vijana wa vikundi vya maigizo na ngoma, wanaofuatwa na watu wenye kamera, tunasema hivi. Usikubali maneno matupu. Taka karatasi, iwe kwa Kiswahili, na ubaki na nakala yako. Kabla ya kutia saini au dole gumba, uliza kazi hii itaonyeshwa wapi, kwa miaka mingapi, na ikiuzwa tena mahali pengine wewe utapata nini. Ukiona maneno kama "haki zote" na "milele", simama hapo. Mpelekee afisa utamaduni wa halmashauri yako akusomee, au uliza COSOTA. Na kama fedha inayotolewa ni ndogo na huwezi kuikataa kwa sababu ya shida, basi angalau punguza muda: uza mwaka mmoja, usiuze maisha.

Mzee Majuto alizikwa kwao Tanga. Usiku huu, mahali fulani kando ya Ruvuma, mtu atafungua simu yake na kumcheka tena. Atakuwa anavuna shamba ambalo mwenyewe aliliuza zamani, kwa bei ya siku moja.