Machozi Siyo Ushahidi

Tusidanganyane, washikaji. Siku hizi mtu akisema anatengeneza filamu kuhusu maumivu yake mwenyewe, anaulizwa kwanza: "Kuna mahali unalia?" Eti bila machozi hakuna ukweli, na ukishalia mbele ya kamera, basi umepona! Nani kasema?

Mtazameni Rithy Panh wa Kambodia. Khmer Rouge walipoiteka Phnom Penh mwaka 1975, familia yake ilifukuzwa mjini pamoja na wakazi wengine. Utawala ule ulipoanguka mwaka 1979, baba, mama na ndugu zake kadhaa walikuwa wamekwisha kufa. Picha za mateso yao hazipo. Kamera walishika watesaji, wakapiga za kujisifu.

Basi yeye alifanyaje? Katika "The Missing Picture" ya mwaka 2013 alitumia sanamu ndogo za udongo, zikachongwa, zikapakwa rangi, na hadithi ikasimuliwa juu yake. Sanamu hailii wala haipepesi macho. Ndiyo maana inauma: kazi ya kulia tumeachiwa sisi. Na filamu haidai kwamba kidonda kimefunga.

Sisemi kulia ni aibu. Nasema kilio si bidhaa. Nanyi mnaoandika yaliyowakuta, mambo ni yale yale. Tuambieni nani alikufa, wapi, na nani alimfanyia hivyo. Msomaji anayetaka machozi tu, akamenye vitunguu.