Kujitetea Sawa, Kununua Muda Hapana

Wasee wa Kisii na Nyamira, tuongee ukweli. Hapa kwetu biashara nyingi inaendeshwa kwa kuaminiana. Unapeleka ndizi, avokado au kokoto, mteja anakuambia "nipe wiki mbili." Wiki mbili zinageuka miezi sita. Ukimpeleka kortini, yule yule aliyekuwa akikutumia meseji za "nitakusoti Ijumaa" anasimama kusema hakujui. Sheria ina dawa ya hiyo tabia, na mimi naiunga mkono: ruhusa ya kujitetea kwa masharti.

Iko hivi. Kanuni za Mwenendo wa Madai za 2010, Amri ya 36, zinamruhusu anayedai pesa za kiasi kinachojulikana aombe hukumu ya haraka, pale mdaiwa amejitokeza kortini lakini bado hajaweka utetezi wake. Hakuna kuita mashahidi mmoja mmoja kwa miaka. Mdaiwa akitaka kesi isikizwe kikamilifu, lazima aonyeshe, mara nyingi kwa hati ya kiapo, kwamba ana jambo la maana la kusema.

Hapo hakimu au jaji ana njia tatu. Akiona hakuna utetezi wowote, anatoa hukumu. Akiona kuna swali la kweli, anamruhusu mdaiwa ajitetee bila masharti. Njia ya tatu iko katikati: utetezi haujafa kabisa, lakini unanuka. Anaweza kusema, "Sawa, jitetee, lakini kwanza weka pesa kiasi fulani kortini, au toa dhamana." Wakati mwingine pesa inawekwa kwenye akaunti ya pamoja ya mawakili wa pande zote mbili mpaka kesi iishe.

Chukua mfano wa dada wa Nyamira anayedai hoteli moja milioni 1.8 za vyakula. Mwenye hoteli alipokea mzigo, akasaini, akalipa kidogo kwa M-Pesa, akaomba muda mara nne. Siku ya kushtakiwa ndiyo anakumbuka avokado zilikuwa zimeoza! Huyo hatafuti haki, anatafuta muda. Mwambie aweke pesa, utaona kama kweli anaamini hadithi yake. Na hata akishindwa baadaye, dada hatabaki na karatasi ya hukumu na hoteli iliyofungwa milango.

Sasa geuza. Mwenye hoteli alituma picha za avokado zilizooza jioni ile ile, akasema chukua mzigo wako. Huyo ana swali la kweli, na hafai kulipia nafasi ya kusikizwa. Hii si huruma yangu, ni msimamo wa zamani wa korti zetu. Mwaka 1952, Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki, katika kesi ya Kundanlal Restaurant na Devshi, ilishikilia kwamba swali moja tu la maana linatosha mdaiwa apewe ruhusa bila masharti. Mwaka 2010, kwenye kesi ya Chuo Kikuu cha Moi na Vishva Builders, Mahakama ya Rufani ya Kenya ilieleza kwamba swali hilo si lazima liwe la kushinda kesi, mradi liwe la nia njema.

Najua mtaniambia masharti haya ni ya kuwabana maskini. Hoja hiyo siipuuzi. Mama mwenye meza pale Daraja Mbili akiambiwa aweke milioni 1.8 ndani ya siku 30, hiyo si ruhusa, ni hukumu iliyovalishwa nguo nyingine. Katiba, Ibara ya 50, inampa kila mtu haki ya kusikizwa. Ibara ya 48 inasema ada yoyote ya kufikia haki iwe ya kadiri na isimzuie mtu. Dhamana si ada, lakini wazo ni lile lile: mlango usiwe na bei ambayo mtu hawezi kuifikia.

Kwa hivyo msimamo wangu ni huu: sharti libaki, lakini lipimwe. Mahakama iangalie utetezi unanuka kiasi gani, na mdaiwa ana uwezo gani. Anaweza kuweka nusu, au atoe logbuku ya gari, au kesi isikizwe haraka kwa tarehe zisizosongeshwa. Lengo ni kumzuia mjanja, si kumfungia nje asiye na kitu.

Na sisi vijana tuache kulala. Deni lisilozidi milioni moja lipeleke Mahakama ya Madai Madogo, ambayo sheria inaipa siku 60 kumaliza kesi. Deni likizidi hapo, nguvu yako ni karatasi. Mteja asaini anapopokea mzigo. Usifute meseji za M-Pesa wala za WhatsApp, na ukizipeleka kortini kumbuka Sheria ya Ushahidi inataka cheti cha kuthibitisha ushahidi wa elektroniki. Na ukiwa wewe ndiye mnunuzi na mzigo ni mbovu, lalamika siku hiyo hiyo, kwa maandishi. Malalamiko yanayozaliwa baada ya barua ya wakili hakuna jaji atayaamini kirahisi.

Kusikizwa ni haki ya kila mtu. Lakini muda wa yule dada wa Nyamira pia ni mali, na kila mwezi anaosubiri kuna mkulima nyuma yake ambaye bado hajalipwa.