Elizabeth Fraser na maneno anayozuliwa

Elizabeth Fraser, binti wa Grangemouth, mji wa Uskoti uliokuwa na kiwanda cha kusafisha mafuta hadi 2025, aliimba na Cocteau Twins kuanzia 1981 hadi kundi lilipovunjika 1997. Wakosoaji wanamwita mmoja wa mama wa pop ya ndoto, kisha papo hapo wanamzulia mambo.

Eti anaimba upuuzi. Sikatai: albamu ya Treasure, 1984, unaweza kuisikiliza mwanzo hadi mwisho ukaambulia maneno ya kuhesabu. Lakini usichokidaka si lazima kiwe hakipo. Fraser alikuwa akiokota maneno kwenye vitabu vya lugha asizozijua, akiyachagua kwa mlio wake. Tega sikio kwenye “Melonella” ya 1985: yale unayodhani ni mbwabwajo ni majina ya kisayansi ya koo za vipepeo na nondo. Na akitaka kutamka, anatamka. Katika “Song to the Siren” ya 1983, wimbo wa Tim Buckley na Larry Beckett, ni yeye na gitaa la mwenzake wa Cocteau Twins, Robin Guthrie, tu, na kila neno linasikika. Halafu sisi tuliocheza rumba ya Kilingala usiku kucha bila kujua inasema nini, tunamlaumu kwa lipi?

Eti muziki ni wa Guthrie, yeye alitia sauti tu. Hili ndilo linaloniudhi. Guthrie alijenga yale magitaa yenye mwangwi, kweli, lakini melodi za sauti na maneno yalikuwa ya Fraser. Mwondoe Guthrie uone. Kundi la Massive Attack lilikuwa na muziki uliosubiri mwimbaji. Madonna aliutaka, lakini wawili kati ya watatu wa kundi wakang'ang'ania Fraser. Akauandikia maneno, ukawa “Teardrop”, na jina lake limo miongoni mwa watunzi. Mwaka 1998 ulifika nafasi ya 10 Uingereza. Hakuna wimbo wa kundi hilo uliopanda kuliko huo. Alikuwa akiurekodi alipopata habari kwamba Jeff Buckley, mtoto wa yule Tim na mtu aliyewahi kumpenda, amezama mtoni Memphis. Baadaye alisema wimbo huo kwa namna fulani unamhusu Jeff. Fraser huyo ndiye wa kuitwa “sauti tu”?

Eti alinyamaza kundi lilipokufa. Mwaka 2001 aliimba maombolezo ya mchawi Gandalf katika filamu ya kwanza ya The Lord of the Rings. Mwaka 2012 alipanda jukwaa la Royal Festival Hall, London. Anachelewa, hilo nakubali, na mashabiki wake tumezeeka tukingoja albamu yake kamili. Lakini mwaka 2022, yeye na mpiga ngoma Damon Reece, kwa jina la Sun's Signature, walitoa nyimbo tano. Anza na hizo.