Fungu la Kijana katika Chombo cha Babaye



Hapa Pongwe bahari hatuioni. Samaki hutufikia kwa barabara. Hata hivyo malalamiko ya vijiji vya wavuvi, tangu Moa hadi Kigombe, hutufikia misikitini pamoja na samaki wao. Baba anasema mwanawe amekosa adabu: ameitupa ngalawa, amekwenda kuendesha bodaboda. Mwana, akiulizwa faraghani, anasema amevua na babaye tangu utotoni na hajapata kupewa fungu mkononi.

Ada ya pwani inajulikana. Samaki wakishauzwa, chombo kina fungu lake, nyavu zina fungu lake, na mabaharia hugawana kinachobaki. Baharia wa kuajiriwa hupewa haki yake ufukweni. Mwana wa mwenye chombo huambiwa, "Wewe unakula nyumbani." Akifika miaka 25 hana mahari, wala mshipi ulio wake.

Wazee hutoa hoja ya hadithi mashuhuri, kwamba mtu na mali yake ni vya babaye. Hadithi ipo, wala hatuikatai. Ila wanazuoni walio wengi wameifahamu kuwa baba mwenye haja huruhusiwa kuchukua kwa kadiri ya haja yake, si kwamba mali ya mwana ni milki yake. Dalili imo katika Suratun Nisaa, aya ya 11: mtu akifa akaacha mtoto wa kiume, fungu la babaye ni sudusi. Lau mali yote ingekuwa ya baba, angerithije sehemu ya sita ya mali yake mwenyewe?

Hatusemi haya kuwachochea vijana. Kumuasi mzazi ni katika madhambi makubwa, na anayemwacha mzee avute nyavu peke yake, pikipiki si udhuru wake. Lakini tuikumbuke miaka ile baruti ilipokuwa ikilia pwani ya Tanga. Sheria ya Uvuvi ya 2003 iliikataza, wazee waliilaani, na bado baadhi ya vijana walikwenda, kwani huko pesa zilishikwa mkononi. Milipuko imepungua sana tangu serikali ilipounda kikosi cha pamoja mwaka 2015. Matumbawe yaliyovunjwa hayaoti kwa miaka michache.

Basi kabla ya kaskazi, imamu wa kila kijiji na amkalishe mwenye chombo na mwanawe, fungu litajwe mbele ya mashahidi wawili na liandikwe. Chakula cha nyumbani ni nafaqa, fungu ni ujira. Baba akiwa na haja, aombe kutoka humo baada ya kulitoa.